Yaksha si Mungu, si Malaika, wala si Jini

Kosa tunalotaka kulipiga vita katika makala haya ni kosa tulilolitenda sisi wenyewe, na ndiyo maana tunaanza kwa kukiri. Siku moja, kipindi cha ufahamu kikiwa kimekwisha, mwanafunzi alituletea kitabu chenye picha ya sanamu ya jiwe: mwanamke ameketi juu ya simba, mtoto yu mapajani pake, na mkononi ameshika kichala cha maembe. Akauliza, "Mwalimu, huyu ni nani?" Nasi bila kusita tukamjibu, "Huyo ni mungu wa kike wa Wahindi, mungu wa uzazi." Akashukuru, akaandika, akaenda zake.

Baadaye tulisoma, tukaona haya. Mwanamke yule ni Ambika. Si mungu kwa maana ambayo Mswahili hulitumia neno hilo. Wala hapo hakuwa wa Wahindi wote: sanamu ile ilikuwa ya Wajaini, watu wa dini yenye historia, watawa na vitabu vyake, mbali na vya Wahindu. Hata uzazi, ingawa akina mama humwendea kwa ajili ya watoto wao, si sababu ya kuchongwa kwake mahali pale. Sababu ilikuwa juu ya kichwa chake, nayo mpiga chapa alikuwa ameikata ili picha ienee katika ukurasa: sanamu ndogo ya mtawa aliyeketi katika tafakuri, Neminatha, mwalimu wa 22 wa Wajaini, ambaye Ambika ni mhudumu na mlinzi wake. Mpiga chapa alimkata bwana akambakiza mtumishi, nasi tukampa mtumishi cheo cha Mungu.

Hoja yetu ni hii. Katika Kiswahili tunachofundishia tumejizoeza kuvitia viumbe vyote vya dini za wengine katika vikapu vichache: chenye mikono mingi tunakiita mungu, chenye kulinda tunakiita malaika, chenye kukaa mtini au kisimani tunakiita jini. Uvivu huo si wa lugha; ni wetu walimu. Na hasara yake si ya Wajaini peke yao. Lugha isiyoweza kutofautisha mambo ambayo wenyewe wameyatofautisha kwa zaidi ya miaka elfu haiwezi kudai kuwa lugha ya elimu.

Tueleze kwanza jambo lenyewe, maana mabishano bila maelezo ni kelele tu.

Wajaini hawafundishi kwamba ulimwengu uliumbwa. Kwao ulimwengu hauna mwanzo wala mwisho, na ndani yake roho zisizohesabika zinazunguka, zikizaliwa na kufa, zikizaliwa tena, zimefungwa na matendo yao zenyewe. Katika kila zama hutokea walimu 24 waliozishinda nafsi zao, wakaijua kweli yote, wakawaonyesha wengine njia ya kutoka katika mzunguko huo. Mwalimu wa namna hii huitwa Tirthankara, maana yake mwenye kutengeneza kivuko. Mswahili hahitaji kuelezwa kivuko ni nini: ni mahali ambapo mto uliotisha huvukika. Wa kwanza katika zama hizi ni Rishabha, wa 23 ni Parshva, na wa 24 ni Mahavira, ambaye kwa hesabu ya mapokeo ya Wajaini wengi alifariki mwaka 527 kabla ya Kristo katika nchi ya Bihar. Walimu hao huitwa pia Jina, yaani Mshindi, na ndipo dini ilipopata kuitwa ya Kijaini. Lakini neno hilo linatutega sisi kwa kulingana na "jina" letu la kila siku, kwa hiyo hapa tutasema Tirthankara.

Sasa liko jambo moja ambalo asiyelielewa hatauelewa Ujaini hata akisoma mwaka mzima. Tirthankara amekwisha kuvuka. Hana tena mapenzi wala chuki, raghba wala hasira. Hasikii ombi, hapokei rushwa ya sadaka, haleti mvua, haponyi mtoto mwenye homa. Muumini anayesimama mbele ya sanamu yake hamwombi kitu kwa matumaini ya kupewa. Anamtukuza, anautazama mfano wake, ili naye siku moja aufuate. Ni fundisho la juu sana, na ni fundisho gumu. Kwani mtoto mwenye homa yuko nyumbani bado, na mfanyabiashara aliyepoteza mali yake bado anataka mtu wa kumwendea. Kati ya mwalimu asiyejibu na mwanadamu anayelia kuna nafasi. Katika nafasi hiyo ndimo walimosimama yaksha, na wenzao wa kike, yakshi.

Hawakuzaliwa na dini hii. Kabla yake, katika India ya kale, watu wa vijijini waliwajua yaksha kama viumbe wenye nguvu wakaao mitini, visimani na penye hazina zilizofukiwa, wakawatolea sadaka. Sanamu ya yaksha iliyopatikana Parkham, karibu na Mathura, ndefu kuliko mtu, ni ya karne za mwisho kabla ya Kristo, nayo ni miongoni mwa sanamu kubwa za mawe zilizo za kale zaidi katika India ya Kaskazini. Vitabu vya Wajaini vinasimulia kwamba Mahavira katika safari zake alikuwa akipumzika penye mahali pa yaksha, nje ya miji. Dini mpya basi haikuwafukuza wenyeji hao wa zamani. Iliwapa kazi.

Mwanzoni kazi hiyo ilifanywa na jozi moja tu kwa walimu wote: Sarvanubhuti, mwanamume mwenye kitambi, mkononi ana mfuko wa fedha, na Ambika wetu wa kichala cha maembe. Wawili hao wanaonekana katika sanamu za shaba za Akota, Gujarat, hazina iliyofukuliwa mwaka 1951 na ambayo ilihifadhiwa katika makumbusho ya Baroda. Baadhi yake ni za karne ya 6. Baadaye, yapata karne ya 8 na ya 9, kila Tirthankara alipewa jozi yake mwenyewe. Rishabha akapewa Gomukha, mwenye uso wa ng'ombe, na Chakreshvari, mwenye silaha ya gurudumu na kipando cha ndege mfano wa tai. Parshva akapewa Dharanendra na Padmavati, wenye vichwa vya nyoka vilivyopanuka juu yao. Mahavira akapewa Matanga na Siddhayika. Kule Deogarh, katika hekalu la 12, ambalo lina maandishi ya mwaka 862, yakshi wote 24 wamechongwa ukutani, kila mmoja na jina lake limeandikwa, kila mmoja chini ya mwalimu wake. Katika pango la Barabhuji, kwenye kilima cha Khandagiri huko Odisha, wamepangwa vivyo hivyo: walimu juu, yakshi chini.

Tunawaomba wasomaji wautazame mpango huo, maana hoja yetu yote imo ndani yake. Mwenye kukaa katikati ni mkubwa. Hana silaha, hana mnyama wa kupanda. Ameketi miguu imekunjwa au amesimama mikono imeshuka, macho yametulia. Kuumeni kwake, chini, penye ncha ya kiti chake cha enzi, yuko yaksha. Kushotoni yuko yakshi. Hao ni wadogo. Hao wana mikono minne, sita, minane au zaidi, wana vikuku na mataji, wana mikuki, matunda, kamba na maua ya yungiyungi, wana simba na tembo wa kupanda. Asiyejua humtazama mwenye mikono mingi akasema, "Huyu ndiye mkuu." Ajuaye husema kinyume: huyu ana mikono mingi kwa kuwa bado ana kazi nyingi, yule hana kitu mkononi kwa kuwa amemaliza.

Tumesema kwamba sisi tulikosea. Si sisi wa kwanza. Huko Ellora, katika Maharashtra, pango la 32, lililochongwa katika mwamba yapata karne ya 9, lina sanamu mbili mashuhuri: mwanamume aliyeketi juu ya tembo chini ya mti, na mwanamke aliyeketi juu ya simba chini ya mwembe. Watu walimwona yule wa tembo wakakumbuka kwamba Indra, mfalme wa miungu katika hadithi za Wahindu, hupanda tembo. Basi wakasema ni Indra, na mwanamke ni mkewe, na pango wakaliita Indra Sabha, yaani baraza la Indra. Wataalamu wameeleza tangu zamani kwamba hao ni Sarvanubhuti na Ambika, wahudumu wa Tirthankara. Maelezo yamesahihishwa, lakini jina la pango limebaki hadi leo. Hilo na liwe onyo kwetu. Neno baya likishatangulia, ukweli hulifuata nyuma ukichechemea.

Twende sasa kwenye hadithi, kwa kuwa hadithi huonyesha daraja la mtu kuliko maelezo.

Husimuliwa kwamba Parshva, angali kijana wa nyumba ya kifalme huko Varanasi, alimkuta mtawa mmoja, Kamatha, akijitesa kati ya mioto. Parshva akamwambia kwamba ndani ya gogo linaloungua mna viumbe hai. Gogo likapasuliwa, wakaonekana nyoka waliokwisha kuungua. Parshva akahakikisha wanasikia maneno matakatifu kabla ya kufa, na kwa hayo wakazaliwa tena kuwa Dharanendra na Padmavati. Kamatha naye akafa na kinyongo chake, akazaliwa kiumbe chenye uwezo juu ya mvua. Miaka ikapita. Parshva akaacha nyumba na mali, akawa mtawa, akasimama katika tafakuri. Adui yule akamshushia gharika, maji yakapanda hadi puani. Ndipo Dharanendra akaja akamkinga kwa vichwa vyake vya nyoka, na Padmavati akamshikia mwavuli.

Je, Parshva alimwita Dharanendra? Hakumwita. Je, alimshukuru? Hadithi haikujengwa juu ya shukrani. Alimlaani adui? Hakumlaani. Wajaini wanasisitiza jambo hili hili: aliyemtesa na aliyemlinda aliwatazama kwa jicho moja. Mlinzi alilinda kwa mapenzi yake, kwa fadhila aliyotendewa; mlindwa hakuhitaji kulindwa ili awe mshindi. Msomaji na apime mwenyewe: kati ya hao wawili, ni yupi mkuu? Na je, neno "mungu" litamwendea yupi bila kuipindua hadithi nzima?

Hadithi ya Ambika ni ya namna nyingine, nayo inatugusa zaidi. Alikuwa mke wa Mbrahmani. Siku moja chakula cha karamu ya kuwakumbuka wafu kilikuwa kimeandaliwa kwa ajili ya Wabrahmani walioalikwa. Mtawa wa Kijaini akapita akiwa na njaa, naye mama akampa. Mumewe aliposikia kwamba chakula kimetolewa kabla ya wenyewe kula, alighadhibika, akamfukuza yeye na wanawe wawili wadogo. Njiani watoto wakalia njaa na kiu: mwembe mkavu ukazaa, na kidimbwi kilichokauka kikajaa maji. Nyumbani nako chakula kikaonekana kimerudi kama kilivyokuwa. Mume akajuta, akamfuata mkewe kumrudisha. Lakini mama alipomwona akija, alidhani anakuja kumpiga. Kwa hofu akajitupa, akafa. Akazaliwa tena yakshi wa Neminatha. Mume naye akafa, akazaliwa simba, na ndiye huyo anayepandwa.

Hivyo basi maembe yale, watoto wale na simba yule si mapambo. Ni maisha ya mwanamke mmoja aliyetoa chakula akafukuzwa. Sisi tulimpa mwanafunzi wetu maneno "mungu wa uzazi", tukamnyang'anya hadithi hii yote.

Baada ya hayo tuyapime maneno yetu, moja baada ya jingine.

Neno "mungu". Kwa Mswahili, awe Mwislamu au Mkristo, Mungu ni mmoja, Muumba, asiyezaliwa wala kufa. Hata tukiandika kwa herufi ndogo, tukasema "miungu", bado msomaji husikia kiumbe kinachoabudiwa kama mkuu wa ulimwengu, au mshindani wa Mungu wa kweli. Yaksha si huyo wala yule. Hakuumba kitu. Alizaliwa katika hali yake hiyo, na atakufa kutoka katika hali hiyo. Tena, kwa mafundisho ya Wajaini, hawezi kuvuka moja kwa moja kutoka hapo alipo. Akitaka kufika mwisho wa safari hana budi azaliwe mwanadamu kwanza. Mungu gani huyo ambaye hana budi kuwa mtu ili apate kuokoka?

Hapa wenzetu watatupinga, na pingamizi lao si dogo. Watasema: "Wajaini wenyewe huwaita walinzi hao shasanadevata, na devata maana yake ni mungu. Mbona mnataka kuwa Wajaini kuliko Wajaini?" Tunajibu kwamba deva, katika mafundisho yao, ni mojawapo ya hali nne za kuzaliwa: waliomo mbinguni, wanadamu, wanyama pamoja na mimea, na waliomo motoni. Ni daraja la maisha, kama kusema mtu amezaliwa katika neema. Neema hiyo huisha. Na "shasana" ni mafundisho, au amri. Shasanadevata basi ni kiumbe wa mbinguni mwenye kuyahudumia na kuyalinda mafundisho. Neno linalofanana kwa kamusi silo lazima linalofanana kwa maana.

Neno "malaika". Hili lina mvuto, kwa sababu malaika hulinda. Lakini malaika tunayemjua sisi ametumwa. Ni mjumbe wa Mungu, hana ghadhabu yake mwenyewe, haoi, hana historia ya kuwahi kuwa mke wa mtu akafukuzwa. Yaksha hakutumwa na mtu yeyote, maana hakuna wa kumtuma. Analinda kwa kuwa anapenda kulinda. Tukimwita malaika tumeingiza kimyakimya Mungu Muumba katika dini isiyomfundisha.

Neno "jini". Tunakiri kwamba hapa tunakaribia. Jini, kwa elimu ya Waislamu, yuko mwema na yuko mwovu, huoa, huzaa, hufa, naye atahesabiwa kwa matendo yake. Lakini neno hilo limebeba mzigo mwingine katika vinywa vyetu. Tukisema "ana jini", kila mtu hufikiri ugonjwa, ngoma ya kupunga, na mganga. Atakayeambiwa kwamba hekaluni kuna sanamu za majini 24 ataondoka mbio kabla hajasikia lolote jingine.

Neno "mzimu". Mtu aliyeona mbuyu uliofungwa vitambaa, chini yake pamewekwa chungu cha ubani, ataelewa upesi yaksha wa kale wa mtini alivyokuwa. Kwa kufafanua asili yao, mfano huo ni mzuri kuliko yote, nasi tunausifu. Lakini mzimu wetu umeshikamana na wazee wa ukoo waliotangulia. Padmavati si mzee wa ukoo wa mtu.

Tunaona basi kwamba kila neno lina upande wa kweli, na hakuna hata moja linalotosha. Katika hali kama hiyo lugha hai hufanya nini? Hupokea. Tumepokea daktari na taksi, hatukufa. Tunapendekeza tuseme yaksha na yakshi, kwa upatanisho wa viumbe hai, kama tusemavyo malaika huyu na malaika hawa: yaksha huyu, yaksha hawa, yakshi wake. Na mara ya kwanza neno linapotokea katika maandishi, liandamane na maelezo mafupi: mhudumu na mlinzi wa Tirthankara.

Liko pingamizi la mwisho, nalo ndilo lililotufanya tuandike. Wako watakaosema: "Maelezo yenu ni ya vitabuni. Nendeni hekaluni mkaone. Watu wanawaomba yaksha. Wanampelekea Padmavati nguo na nazi. Basi hao ni miungu yao, apende asipende mwanachuoni."

Ni kweli kwamba watu wanawaomba. Kule Humcha, katika Karnataka, Padmavati ana hekalu lenye sifa kubwa, na mahujaji humwendea na haja zao. Kule Mahudi, Gujarat, maelfu humwendea Ghantakarna, mlinzi ambaye hata si mmoja wa wale 24, wakamtolea vitamu vya unga, samli na sukari guru, ambavyo desturi inataka vimalizwe papo hapo, visitolewe nje ya uwanja wa hekalu. Hatukatai. Lakini Wajaini wenyewe wamelibishania jambo hili kwa muda mrefu. Somadeva, mtawa na mwandishi wa karne ya 10, alionya kwamba mwenye kumweka Tirthankara na walinzi hao katika ibada sawasawa anajishusha chini. Wapewe sehemu yao ya heshima, basi. Katika karne ya 17 lilitokea huko India ya Kaskazini kundi la Wadigambara waitwao Terapanthi, wakaikataa kabisa ibada ya yaksha. Wenzao wa Bisapanthi wakaiendeleza. Wasthanakvasi hawana sanamu yoyote, ya mwalimu wala ya mlinzi. Na ile dua kuu ambayo Wajaini wote huisoma inawainamia wa aina tano: walioshinda nafsi, waliookoka, viongozi wa watawa, walimu wa watawa, na watawa wote. Yaksha hayumo. Mtawa wa kawaida anayetembea peku anainamiwa. Mlinzi mwenye taji na mikono minane hainamiwi.

Sasa jaribuni kuyasimulia mabishano hayo kwa Kiswahili kile tulichompa mwanafunzi wetu. "Wajaini wengine wanasema miungu isiabudiwe sawa na mungu, wengine wanasema miungu isiabudiwe kabisa bali aabudiwe mungu ambaye si mungu." Hayo si maneno, ni fumbo lisilo jibu. Zaidi ya miaka elfu ya fikra za watu makini haiwezi kusemwa, si kwa sababu Kiswahili ni maskini, bali kwa sababu sisi tuliweka neno moja mahali palipohitaji mawili. Hilo ndilo jeraha tunalolilalamikia. Mengine ni adabu. Hili ni elimu.

Na watu hawa si wa mbali. Wajaini wa Oshwal kutoka vijiji vya Jamnagar, Gujarat, walianza kufika Kenya mwishoni mwa karne ya 19, na hekalu lao la Mombasa lilifunguliwa mwaka 1963. Kiswahili cha pwani kiliwajua watu wa namna yao zamani zaidi, kikawaita Baniani. Ndani ya neno hilo moja aliingizwa Mhindu na Mjaini pamoja, kwa sababu wote walikuwa wafanyabiashara kutoka Gujarat. Kila mwaka tunafundisha methali isemayo, "Baniani mbaya, kiatu chake dawa." Tunaieleza vizuri: usimdharau mtu, huenda ana manufaa kwako. Lakini ni mwalimu gani kati yetu amewahi kuuliza darasani, "Huyu Baniani ni nani? Anaamini nini?" Kiatu tulikichukua, mwenyewe hatukumwuliza.

Msituambie kwamba hayo ni mambo madogo. Mwaka 1972 Waasia walipofukuzwa Uganda, hapakuulizwa nani Mhindu, nani Mjaini, nani Ismailia, nani Singasinga, nani Mkristo wa Goa. Hatusemi kwamba maneno ndiyo yaliyowafukuza. Tunasema kwamba watu waliokwisha kuzoeleka kuitwa kwa neno moja ni rahisi kutendewa kwa amri moja. Mwalimu wa lugha hawezi kuzuia amri, lakini mazoea ya maneno yako mikononi mwake.

Tunawaomba wenzetu mambo matatu. La kwanza, tusiwe wepesi wa kujibu. Mwanafunzi akileta picha ya sanamu, swali la kwanza liwe: hii imetoka wapi, hekalu la nani, na juu yake au kando yake kulikuwa na nani? La pili, tusimtafsiri mwenye jina. Ambika ni Ambika, Gomukha ni Gomukha. Cheo chao ni yaksha na yakshi, na kazi yao ni kuhudumu na kulinda. La tatu, tuwafundishe wanafunzi kueleza tofauti kwa sentensi, si kwa neno moja tu. Kiswahili kina mhudumu, mlinzi, mwandani, bawabu, mtumishi, mwombezi. Mwanafunzi apewe zoezi la kueleza kwa nini "mlinzi" linafaa na "mwombezi" halifai, naye atajifunza Kiswahili kuliko katika kukariri visawe.

Tumalizie kwa hadithi ya Shravanabelagola, Karnataka. Huko, mwishoni mwa karne ya 10, waziri Chavundaraya alisimamisha sanamu ya Bahubali, mwana wa Rishabha, iliyochongwa katika mwamba mmoja, urefu wake mita 17 na zaidi. Husimuliwa kwamba alipoiosha kwa maziwa mengi ili kuitakasa, kwa fahari ya kazi yake, maziwa hayakushuka chini ya mapaja. Akaja bikizee mmoja na maziwa machache katika ganda la tunda dogo. Watu walimcheka. Alipoyamimina, yalienea mwili mzima hadi miguuni. Inasemekana bikizee huyo alikuwa yakshi Kushmandini, ambaye ndiye Ambika kwa jina jingine, aliyekuja kumshusha waziri kiburi. Sanamu yake nayo imewekwa pale, ndogo, imemwelekea yule mkubwa, na kile kiganda kimo mikononi mwake.

Yule mwanafunzi wetu tulimwita tena, tukamwambia tulikosea, tukamsimulia habari za mwembe, kisima, watoto na simba. Alifuta mstari wake wa zamani. Kisha akauliza jina la yule aliyekatwa juu ya picha, akaliandika kwanza, na la Ambika akaliandika chini yake.